Kiti Hakimngoji Jaji

Kwa Mheshimiwa Jaji Mkuu, ambaye pia ni mwenyekiti wa Tume ya Huduma za Mahakama;
Kwa Waheshimiwa wabunge wa Mvita, Nyali, Kisauni, Likoni, Changamwe na Jomvu;
Kwa wenyeviti wa bodi za utumishi wa umma katika kaunti 6 za Pwani.

Waheshimiwa,

Nawasalimu kutoka Majengo, Mombasa. Kwa miaka 26 nilikuwa karani wa mawakili hapa mjini. Sikusomea sheria, na sitajifanya wakili leo uzeeni. Kazi yangu ilikuwa kubeba mafaili, kulipia ada, kubembeleza watu wa masjala, na jioni kumpigia mteja simu kumwambia neno moja ambalo nadhani nimelitamka mara nyingi kuliko jina la mke wangu: "Imetajwa tu." Mteja amevuka feri ya Likoni alfajiri, kafunga duka lake, kavaa koti la harusi, kakaa kwenye benchi hadi saa sita, na kesi yake imechukua dakika mbili. Imetajwa, yaani imepangiwa tarehe tu bila kusikizwa. Tarehe nyingine ni baada ya miezi minne.

Kesi za mashamba zinaweza kustahimili mwendo huo, maana shamba halitoroki. Kesi za mirathi nazo, ingawa warithi hufa. Lakini ipo aina moja ya kesi ambayo nimeiona ikifia njiani mara nyingi kuliko zote, na ndiyo iliyonifanya nishike kalamu: kesi ya mtu anayedai kwamba kazi ya serikali imegawiwa kinyume cha sheria. Kazi ya serikali ina muda. Mkataba ni wa miaka 3, au 5. Kila siku kesi inapolala kwenye rafu, mkataba unaliwa siku moja, na anayeula ni yule yule anayelalamikiwa. Kwa hiyo mara nyingi jaji hafiki kuiamua kesi hiyo. Kalenda imeshaiamua.

Niwape kisa cha nyumbani kwangu. Binti wa ndugu yangu, mhasibu mwenye vyeti vyake vyote, aliomba kazi katika ofisi moja ya kaunti. Sitaitaja ofisi, wala sitasema ni kaunti ipi kati ya hizo sita. Aliitwa kwenye mahojiano, akaenda, akarudi na furaha. Miezi mitano ikapita kimya. Halafu picha ya orodha ya walioajiriwa ikazunguka kwenye simu za watu, na katika nafasi ile palikuwa na jina ambalo yeye na wenzake wote waliokuwa kwenye foleni siku ile hawakuwahi kuliona.

Alikuja kwangu usiku huo huo. "Ami, tufanye nini?"

Hapa nikiri kosa langu. Mimi, mtu wa mahakamani, nilimwambia asubiri. Nilimwambia aandike barua kwanza, aombe karatasi ya alama na kumbukumbu za kikao, kwa sababu nilijua wakili wa upande wa pili atauliza ushahidi uko wapi. Na kweli sheria ipo: Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016 inaipa ofisi ya umma siku 21 kujibu, na inaweza kujiongezea siku 14 mara moja. Siku 35 zikaisha bila jibu. Tukaandika tena. Tukaambiwa mhusika yuko likizo. Tukaambiwa faili liko kwa mkubwa. Mwaka mpya ukaingia. Tulipochoka tukatafuta wakili, kesi ikafailiwa, nikadhani sasa tumefika.

Siku ya kwanza wakili wa kaunti akasimama na pingamizi la awali, yaani hoja ya kutaka kesi itupwe kabla haijasikizwa. Akasema Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012, kifungu cha 77, inamtaka mtu asiyeridhika na uamuzi wa bodi apeleke rufaa kwanza kwa Tume ya Utumishi wa Umma, na kwamba mahakama isiguse jambo kabla Tume haijaligusa. Pingamizi hilo peke yake lilichukua miezi tisa kuamuliwa, pamoja na likizo ya mahakama ya kuanzia Agosti hadi katikati ya Septemba. Likakubaliwa. Kesi ikatupwa. Jaji hakukosea, na sitamsingizia. Sheria ndivyo inavyosema. Tukaenda kwa Tume. Kifungu kile kile kinasema rufaa ipelekwe ndani ya siku 90 tangu uamuzi ulipotolewa, ila Tume ikiona kuna sababu ya maana inaweza kumpokea aliyechelewa. Sisi tulikuwa tumezipita siku 90 zamani sana, na sehemu kubwa ya siku hizo tulizimalizia kwenye korido za mahakama na kwenye kungoja karatasi za ofisi ile ile tunayoishtaki.

Sasa nawauliza waheshimiwa, nani alichelewa hapa?

Maana sheria yetu ina macho makali kwa mlalamishi aliyechelewa. Anayetaka mahakama ifute uamuzi wa ofisi ya umma kwa njia ya mapitio amewekewa miezi 6 katika Sheria ya Marekebisho ya Sheria. Anayedai chini ya Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 amewekewa miaka 3. Kesi ya kikatiba haina ukomo ulioandikwa, lakini majaji wamesema mara nyingi kwamba mtu akikaa miaka bila sababu inayoeleweka, mlango unaweza kufungwa. Na sababu yao si ya kudharau. Aliyeajiriwa naye ni binadamu: amehama mji, amechukua mkopo wa benki, ameandikisha watoto shule. Ukimwondoa baada ya miaka minne umeharibu nyumba nyingine. Serikali nayo imeshapanga mambo yake kwa kumtegemea. Hayo nayakubali yote. Nimewaona watu waliokaa na malalamiko yao barazani miaka mitano, wakayapoza kwa kahawa chungu kila jioni, kisha siku waliyokosana na bosi wakakumbuka kwamba ajira ya bosi haikuwa halali. Mtu kama huyo sina la kumtetea.

Lakini macho hayo makali hayamtazami mtu mwingine yeyote. Bodi ikichelewa kutoa karatasi, hakuna kinachoipata. Tume ikikaa na rufaa, hakuna kinachoipata. Mahakama ikiahirisha mara saba, faili linaongezeka unene tu. Kila kuchelewa kwa mkubwa kunahesabiwa mgongoni mwa mdogo, na mwisho wa safari anaambiwa chelewa chelewa utamkuta mwana si wako. Na huyo mwana ametembezwa na nani?

Nisije nikaonekana nalia kwa jambo lisilowezekana. Mahakama za Kenya zinajua kukimbia zikitaka, na mfano mzuri ni ofisi moja iliyopitia mikono yao mara mbili kwa mwendo tofauti kabisa. Ni ile ya Makatibu Waandamizi, wasaidizi wa mawaziri, tuliozoea kuwaita CAS. Iliundwa mwaka 2018 enzi za Rais Uhuru Kenyatta, na mwanaharakati Okiya Omtatah akaenda mahakamani mwaka huo huo. Hukumu ya Jaji Antony Mrima kwamba ofisi hiyo iliundwa kinyume cha Katiba ilitoka Aprili 2021. Miaka mitatu. Watu walikuwa wameshafanya kazi, wamelipwa, wamekata riboni, na mapema mwaka 2022 wengine walikuwa bado wamo ofisini, wakajiuzulu wenyewe ili wawanie viti vya uchaguzi. Mlalamishi alishinda. Alishinda nini, hapo ndipo ninapokwama.

Kisha ikaja mara ya pili. Machi 2023 Rais William Ruto akawaapisha CAS 50. Chama cha Wanasheria na shirika la Katiba Institute wakaenda mahakamani, amri ya kusitisha ikatolewa kabla hao hamsini hawajaanza kazi, na tarehe 3 Julai 2023 majaji watatu, kwa wingi wa kura, wakasema uteuzi haukufuata Katiba. Miezi mitatu na ushei. Hakuna aliyekuwa amekaa kitini, kwa hiyo hakuna aliyeng'olewa. Ofisi ni ile ile na Katiba ni ile ile. Kilichobadilika ni kasi, na kasi ndiyo iliyoifanya hukumu ya pili iwe na meno.

Mwaka 2025 tumeona tena. Uteuzi wa mwenyekiti na makamishna wa tume ya uchaguzi, IEBC, ulisimamishwa na mahakama mwishoni mwa Mei, na tarehe 10 Julai majaji watatu wakatoa uamuzi: wakafuta tangazo la gazeti rasmi lililotolewa wakati amri ya mahakama ipo, lakini wakakataa kuyafuta majina yenyewe. Mtu anaweza kuupenda uamuzi huo au asiupende. Mimi ninachotazama ni kwamba wiki sita zilitosha. Walioshinda walijua wameshinda, na walioshindwa wakaenda kufanya mambo mengine.

Mtasema hizo ni kesi kubwa, za watu wakubwa, nchi nzima ilikuwa inatazama. Ndiyo hasa ninachowaambia. Binti wa ndugu yangu nchi haikumtazama.

Kuna jambo lingine ambalo watu wa Mombasa tunalijua kwa sababu tumelishuhudia kila baada ya miaka mitano. Kesi ya uchaguzi ina saa yake. Anayepinga kiti cha mbunge au gavana ana siku 28 tangu matokeo kutangazwa, na mahakama ina miezi 6 kumaliza. Anayepinga kiti cha urais ana siku 7, na Mahakama ya Juu ina siku 14 tu. Mwaka 2017 tulipiga kura tarehe 8 Agosti, na tarehe 1 Septemba Jaji Mkuu David Maraga na wenzake wakaufuta uchaguzi wa rais. Mbingu haikuanguka. Mawakili ninaowajua walilala ofisini kwenye viti, makarani wenzangu tukala viazi karai asubuhi, mchana na jioni, lakini makaratasi yalifika kwa wakati kwa sababu kila mtu alijua ukichelewa hakuna kesi tena. Na kilichofanya hivyo hakikuwa uhodari wetu. Ni tarehe iliyoandikwa kwenye Katiba.

Basi ikiwa kiti cha urais kinaamuliwa kwa siku 14, kiti cha mhasibu wa kaunti kinashindwa na nini kwa miaka mitatu?

Sitaki mnijibu kwamba majaji ni wachache. Najua ni wachache. Nimezihesabu kesi kwenye orodha ya siku zilizobandikwa ukutani kabla mambo hayajahamia kwenye intaneti, na niliona jaji wa Mahakama ya Leba akitoka saa kumi na moja na nusu ameshika kichwa. Lakini uchache huo upo pia miezi ile ya kesi za uchaguzi, na kesi zinaisha. Kinachopewa tarehe ndicho kinachopata nafasi. Kisichokuwa na tarehe husogezwa, kikasogezwa tena, kwa sababu kila wiki kinaingia kitu chenye tarehe.

Na msidhani kuchelewa kunamuumiza mlalamishi peke yake. Zuio nalo, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha uteuzi kwa muda, huchelewa kuondoka. Niliwahi kumsikia bwana mmoja nje ya masjala akimwambia mwenzake kwa kicheko, "Mimi nikishapata zuio, kesi na iende ikalale, sina haraka." Hakuwa na kesi yenye uzito wowote. Alitaka kazi isipewe mtu mwingine mpaka mjomba wake apate nguvu. Zuio likakaa mwaka na zaidi, na kiti kikakaliwa na kaimu. Sheria ya Tume ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2017 inasema kukaimu kusizidi miezi 6, lakini ni nani asiyemjua kaimu wa miaka? Hapa kwetu bandarini, mkurugenzi mkuu alipojiuzulu Machi 2020, tulikaa na makaimu kwa muda mrefu, na kila mwenye lori au ofisi ya klia-foda, ya kutoa mizigo bandarini, anakumbuka ugumu wa kupata uamuzi kwa mtu ambaye hajui kama kesho atakuwepo. Sisemi kesi ndizo zilizoleta yale. Nasema ofisi iliyokaliwa kwa nusu haki hufanya kazi kwa nusu nguvu, na haijalishi nusu hiyo imetoka Nairobi au mahakamani.

Kuna wanaojitetea kwa kusema haraka haraka haina baraka. Methali nzuri, na kwa kesi ya mauaji nitaikubali. Kesi ya ajira ya serikali mara nyingi haina mashahidi ishirini. Ina tangazo la kazi, orodha ya walioitwa, karatasi za alama, kumbukumbu za kikao na barua ya uteuzi. Makaratasi matano. Yakiwa mezani, jaji anaweza kusoma jioni moja akajua kama aliyepata 61 amemruka aliyepata 84, na kama kuna sababu iliyoandikwa. Kifungu cha 232 cha Katiba kinataka ushindani wa haki na sifa viwe msingi wa uteuzi, na kinataka pia watu wa jamii zote, wanawake na wenye ulemavu wapate nafasi. Kwa hiyo wakati mwingine wa 61 anaweza kuchukuliwa kihalali. Sawa. Iandikwe. Tusichokitaka ni kuambiwa sababu ilikuwepo lakini karatasi limepotea.

Ninachoomba, kwanza kwako Mheshimiwa Jaji Mkuu, ni tarehe. Katiba, kifungu cha 22, inakupa wewe uwezo wa kutunga kanuni za kesi za haki za kikatiba, na Jaji Mkuu Willy Mutunga aliutumia mwaka 2013. Utumie tena. Kesi yoyote inayopinga uteuzi katika ofisi ya umma ipewe siku zake, na mimi ningependekeza 90 tangu kufailiwa hadi hukumu, na kila zuio life lenyewe siku ya 90 isipokuwa jaji ameandika kwa nini linaendelea. Hiyo itamtisha yule bwana wa masjala kuliko itakavyomtisha mtu mwenye haki. Na pingamizi la awali lisikizwe siku moja na kesi yenyewe, lisiwe kesi ndani ya kesi.

Waheshimiwa wabunge, lenu ni hicho kifungu cha 77. Kimemwekea mlalamishi siku 90 za kupeleka rufaa. Iwekeeni na Tume siku za kuiamua, tena chache. Na andikeni waziwazi kwamba siku ambazo mtu amepoteza kwa kungoja habari aliyoiomba kisheria, au kwa kufaili mahali pasipostahili kwa nia njema, zisihesabiwe dhidi yake. Neno hilo moja lingemwokoa binti yetu, na najua lingewaokoa wengi ambao makarani wenzangu wanawapigia simu jioni hii.

Ninyi wenyeviti wa bodi sina maneno mengi nanyi, kwa sababu lenu halihitaji sheria mpya wala bajeti. Siku mnayotoa barua ya uteuzi, bandikeni alama za wote waliohojiwa, kwa namba zao kama hamtaki majina, mlangoni na kwenye tovuti. Saa ianze kuhesabu hapo, hadharani. Asiyeridhika atajua siku hiyo hiyo, na akilala miezi minane hakuna atakayemwonea huruma, mimi nikiwa wa kwanza. Aliyeajiriwa naye atalala usingizi baada ya muda wa rufaa kupita, atachukua mkopo wake bila hofu. Kama alama ni za kweli, sioni mnachoogopa.

Binti wa ndugu yangu sasa anaandika hesabu za duka la vifaa vya ujenzi Kongowea. Analipwa vizuri, hasemi lolote kuhusu kaunti, na nikimuuliza hunitazama kama mtu anayeuliza habari za mchumba wa zamani. Rufaa yake ilikubaliwa kusikizwa licha ya kuchelewa; Tume iliona sababu zake ni za maana. Tulifurahi siku hiyo. Kisha nikachukua karatasi nikapiga hesabu. Mkataba wa yule aliyepewa nafasi yake unaisha Machi. Tarehe tuliyopewa ni ya Mei.

Wenu katika kungoja,
Karani mstaafu,
Majengo, Mombasa